Waliasi, Kisha Wakarudi Kazini

Asanteni sana. Walimu wenzangu, karibuni. Na ninyi vijana mliokaa kule nyuma, sogeeni mbele, feni hiyo inapiga kelele na sitaki mtu aniambie baadaye kwamba hakusikia.

Nimekuja na jambo moja. Wanaonifahamu wanajua ni lipi, maana nimelisema kwenye semina, nimelisema kwenye vikao vya kusahihisha mitihani, na mwaka jana nililisema hata msibani tulipokaa kusubiri chai. Nitalisema tena leo kwa sababu bado nasikia tamthilia hii ikifundishwa vilevile: kwamba ni hadithi ya mashine zilizoasi, na funzo lake ni tuwe macho na mashine. Sikubali. Anayeifundisha hivyo amesoma kelele za mlangoni, hajaingia ndani ya nyumba.

Nazungumzia *R.U.R.*, kifupi cha Roboti wa Rossum wa Kazi Zote, tamthilia ya mwandishi wa Kicheki Karel Čapek, iliyopandishwa jukwaani katika Ukumbi wa Taifa wa Prague tarehe 25 Januari 1921. Humo ndimo neno "roboti" lilimozaliwa. Mtiririko wa hadithi siusimulii wote, mnaujua: kiwanda cha Rossum, kisiwani, kinatengeneza wafanyakazi bandia na kuwauza duniani, mpaka wanaasi na kuwaua watu. Nataka tukae kwenye karatasi moja tu.

Mnakumbuka pale kisiwani. Watu wa kiwandani wamekaa siku nyingi bila habari, wana hofu, halafu meli ya barua inaonekana, tena imefika kwa saa yake. Wanashangilia. Meneja, Domin, anafungua mizigo, na mizigo yote ni vipeperushi. Kipeperushi kimeandikwa na roboti, na ndani yake mna itikadi kamili. Nitaieleza kwa maneno yangu: sisi, umoja wa kwanza wa Roboti wa Rossum, tunamtangaza mwanadamu kuwa adui yetu. Roboti yuko juu ya mwanadamu katika ngazi ya viumbe. Ana akili kumshinda, ana nguvu kumshinda, na mwanadamu ni kupe anayemnyonya. Kisha zinafuata amri. Waueni watu, msibakize mwanamume wala mwanamke. Hifadhini viwanda, reli, mashine, migodi na malighafi. Vingine vyote viharibuni. Halafu rudini kazini. Kazi isisimame.

Naomba mlisikie tena hilo la mwisho. Kazi isisimame. Sauti hiyo ni ya nani? Hiyo ni sauti ya nyapara! Wamemuua bwana, wamechukua kisiwa, wamechukua dunia nzima, na jambo la kwanza wanaloambiana ni kurudi kwenye zamu.

Hapo ndipo ninapotaka tusimame. Roboti hawa wanadai ubora. Haya, mtu akidai ana mzigo mzito kuliko wako, utamuuliza amepimia nini. Wao wamepimia nini? Rudini mwanzoni mwa tamthilia, Domin anapomweleza yule binti mgeni, Helena, jinsi Rossum mdogo alivyobuni roboti. Rossum mdogo alikuwa injinia. Alimtazama binadamu akaona ana mambo mengi yasiyo na kazi: anafurahi, anapiga fidla, anataka kutoka kutembea. Kwa mfumaji wa nguo au karani wa hesabu hayo yote ni ziada. Mfanyakazi bora kwake ni yule wa bei ya chini kabisa, mwenye mahitaji machache kabisa. Basi akamwondoa mtu, akabakiza mfanyakazi. Domin anajisifu kabisa kwamba roboti kiufundi wametushinda, wana akili ya ajabu, ila roho hawana.

Kwa hiyo lile tamko la roboti lilikwisha kuandikwa kabla roboti wa kwanza hajasimama kwa miguu yake. Pishi, kile kipimo cha kupimia, ilikuwa ya kiwanda. Bwana aliichukua pishi hiyo akampimia mfanyakazi miaka na miaka, mfanyakazi akaja kuichukua akampimia bwana, akakuta bwana hajai hata kibaba. Naye akasema: basi wewe si kitu. Kwa hesabu ile, amekosea wapi? Hajakosea! Ndiyo sababu itikadi hii inatisha. Hesabu yake ni sahihi na pishi yake ni ya wizi.

Sasa hili neno lenyewe, maana nataka mjue lilikotoka. Karel alisimulia mwaka 1933 jinsi lilivyopatikana. Alimwendea kaka yake, Josef, aliyekuwa mchoraji. Josef amesimama mbele ya turubai, brashi mdomoni, anachora. Karel anamwambia: nina wazo la tamthilia, lakini sijui niwaiteje hawa wafanyakazi wa kutengenezwa, nilifikiria neno kama *laboři* lakini naliona la kitabuni mno. Josef, brashi ingali mdomoni, akanguruma: basi waite roboti. Akaendelea kuchora. Mtu hajaweka hata brashi chini, na neno limeenda dunia nzima.

Kwa Kicheki *robota* ni nini? Kamusi nyingi zinaandika "kazi", zinapita. Hapana. *Robota* ni zile siku ambazo mkulima alilazimika kumlimia bwana wa ardhi bila malipo, na kule Bohemia jambo hilo lilifutwa mwaka 1848 tu. Sisi Waswahili tunalo neno lake, tunalo tangu zamani, na sijui kwa nini hatulitumii: shokoa. Kazi ya shokoa. Josef angekuwa mtu wa Pangani au Kilwa angemwambia mdogo wake, waite washokoa. Tungelipokea neno namna hiyo, nadhani hakuna mwanafunzi angeniletea insha kuhusu makopo ya chuma yenye taa machoni. Roboti wa Čapek hata si wa chuma! Wanatengenezwa kwa kitu fulani cha kubuni, kama nyama hai, kuna mapipa ya kukorogea maini na ubongo, kuna mahali pa kusokota mishipa kama uzi. Ukiwaona barabarani utawapa shikamoo.

Na kwa kuwa nimetaja Kilwa, hebu tulinganishe. Mwezi Julai 1905, kule Nandete, kwenye milima ya Matumbi, watu waliolazimishwa kulima pamba ya Wajerumani walipochoka walifanya nini kwanza? Waliing'oa. Waliingia kwenye shamba la pamba wakang'oa miche. Ndivyo Maji Maji ilivyoanza. Walijua kinachowatesa si sura ya Mjerumani peke yake, ni ile pamba na siku zinazohesabiwa juu yake. Wazee wale walikuwa na kipimo chao wenyewe cha nini maana ya mtu, walichotoka nacho kwao, hawakupewa na akida. Roboti hawana kwao. Hawakuwa na utoto wala jando, hakuna bibi aliyewasimulia chochote. Walichojifunza juu ya thamani ya kiumbe walijifunza kiwandani, basi siku ya kuasi wakalinda kiwanda.

Najua kuna atakayenisimamisha. Tena nimeshasimamishwa, kwenye semina moja ndugu mmoja alinyoosha kidole akasema: lakini Mwalimu, si ni kweli mabwana wale walikuwa kupe? Sisi si tulifundishwa hivyohivyo, tukate mirija, asiyefanya kazi asile? Swali zuri, na nililijibu siku ile kwa ukali kuliko lilivyostahili. Ndiyo, walikuwa kupe. Malalamiko ya roboti ni ya haki. Lakini someni Azimio la Arusha lenyewe, msitegemee kaulimbiu. Azimio linasema kila anayeweza afanye kazi, na palepale linawataja wale ambao wana haki ya kutofanya kazi wakalishwa: watoto wadogo, wazee wasiojiweza, vilema, na wale ambao dola kwa wakati fulani haijaweza kuwapatia kazi. Wametajwa kwa sababu aliyeandika alijua kipimo cha kazi kikiachwa peke yake kitamla mtoto na bibi kizee. Katika tamko la roboti hakuna aliyetajwa.

Nitawaambia nilikojifunza hili, na si chuoni.

Babu yangu mzaa baba alikata mkonge Tanga. Kule walikuwa na kipande, kadi yenye vyumba 30. Ukimaliza kazi yako ya siku, nyapara anaweka alama kwenye chumba. Usipoimaliza, hata kama umeshinda shambani tangu alfajiri, chumba kinabaki kitupu na siku hiyo haikuwepo. Ndugu zetu wa Kenya walikuwa na kipande kingine, cha kuvaa shingoni ndani ya kikasha cha bati, nao walivishwa karibu miaka ileile Čapek alipokuwa akiandika. Haya, Babu alizeeka, akaja kukaa kwetu. Alikuwa na kovu la mwiba wa mkonge juu ya jicho la kushoto, na macho yote mawili yalikuwa yameingia mtoto wa jicho. Mama alikuwa akimwekea chakula mkekani, anamshika mkono na kuupeleka kwenye sahani ajue ugali uko wapi na mboga iko wapi. Na Babu, kila siku, kabla ya kumega tonge la kwanza, alikuwa anasema polepole, "Leo nakula bure." Mama anamjibu, "Baba, kula, hapa ni kwako." Kesho yake tena: leo nakula bure. Alikuwa anaomba radhi! Miaka mingi tangu aondoke shambani, nyapara amekwisha kufa, na chumba cha siku ile bado kilikuwa kitupu kichwani mwake.

Mimi nikiisikia itikadi ya kwamba kiumbe bandia ni bora kuliko kiumbe hai kwa kuwa hachoki, haugui, hali bure, namsikia Babu. Mniwie radhi. Silioni kama jambo la kesho.

Kwa hiyo mwanafunzi wangu aliponiambia mwezi uliopita kwamba programu ya kompyuta inaandika insha kuliko yeye, na kwamba yeye sasa ni "toleo la zamani", nilikasirika, na sikumkasirikia yeye. Nilijiuliza ni sisi walimu tuliompimia nini tangu darasa la kwanza mpaka ajione hivyo.

Mtasema, lakini Mwalimu, mashine kweli zinatushinda. Ndiyo! Nani amekataa? Tarehe 12 Oktoba 2019, Vienna, Eliud Kipchoge alikimbia kilomita 42 na mita 195 kwa saa 1, dakika 59 na sekunde 40. Mlitazama? Mbele yake kulikuwa na gari la umeme likimulika mistari ya mwanga barabarani kumwonyesha mwendo. Gari lile lilikuwa mbele tangu mwanzo, halikutoka jasho, lingeweza kwenda mara tano ya mwendo ule. Nani aliyelipigia makofi? Watu walikuwa wakilia Eldoret na hakuna hata mmoja aliyelia kwa ajili ya gari. Tulijua bila kufundishwa kwamba kupita mbele ni jambo moja na ubora ni jambo lingine. Sasa kwa nini tunalisahau tukiingia ofisini?

Tena lugha yetu inalijua hili kuliko sisi. Darasani kwangu kila mwaka kuna ugomvi: tuseme "roboti amekataa" au "roboti imekataa"? Vijana wanagawanyika, na wale wa "amekataa" karibu wote wana hoja moja: roboti hawa wanafanya kazi kubwa, wanafikiri, wanastahili kuingia ngeli ya watu. Wanastahili! Yaani kile kiambishi a- wamekifanya mshahara. Hebu tazameni Kiswahili kinavyofanya. Mende amepita. Mende anatufaidia nini? Mbu ameniuma. Kupe mwenyewe, huyo kupe wa kunyonya, amenasa kwenye sikio la ng'ombe. Wote wana a-, na hawajafanya kazi hata dakika moja. Lakini jenereta, hata ikiwasha taa za hospitali nzima usiku na kuokoa akina mama kumi wanaojifungua, itabaki "inanguruma". Hatukuikosea adabu. Kiswahili hakipimi kwa kazi. Kinauliza tu kama kuna uhai hapo. Na neno "kiumbe" limeanza na ki- kama kijiko, lakini huwezi kusema kiumbe hiki kimelia ukaeleweka vizuri, utasema kiumbe huyu amelia. Mimi roboti wa Čapek nawaita "wa-" kwa sababu ndani ya tamthilia wanaumwa, wanaogopa, mwishoni wanalia. Wangekuwa wanatoa magunia elfu kwa saa bila kuhofu chochote, ningesema "zinatoa".

Radius je? Nilitaka nimzungumzie kwa kirefu, sitaweza, mwenyekiti ananitazama. Lakini msimpite mkiisoma. Ndiye roboti waliyemwingiza maktaba asome, na Helena akamwokoa asisagwe. Anamwambia Helena waziwazi kwamba watu hawana uwezo wa roboti, kwamba roboti ndio wanaofanya kila kitu na watu wanatoa amri tu. Anamwambia hataki bwana. Hapo unataka kumpigia makofi. Kisha anamaliza: anataka yeye awe bwana wa watu. Maktaba nzima imepita kichwani mwake, na umbo la dunia limebaki lilelile, kilichobadilika ni nani akae juu. Na siku ya kuchinja, anambakiza mtu mmoja hai, mjenzi Alquist. Kwa nini? Kwa sababu anafanya kazi kwa mikono, kama roboti. Kipimo hakijatikisika hata kidogo.

Na watu wenyewe walikuwa wamekikubali. Kabla ya maasi, kina mama duniani wameacha kuzaa. Kazi yote inafanywa na roboti, binadamu hahitajiki, basi hata mimba hazishiki. Hilo mnaliruka mnapofundisha, sijui kwa nini, nami nalipita sasa kwa kukosa muda.

Kuna hadithi ya pili niliyotaka tuisome pamoja, "Reason" ya Isaac Asimov, ya mwaka 1941. Kwa kifupi: kwenye kituo cha angani kinachopeleka nishati duniani kuna roboti aitwaye QT-1, naye kwa kufikiri tu anafikia hukumu kwamba haiwezekani awe ametengenezwa na watu wawili wale. Angalieni, anawaambia, miili yenu ni laini, nguvu zenu mnazipata kwa kuchoma chakula, na kila siku mnazimia kwa saa kadhaa. Mimi nimekamilika. Wanaunda roboti mwingine mbele ya macho yake kumthibitishia. Anawajibu kwamba wameunganisha vipande tu. Wengi huicheka hadithi hiyo. Mimi nataka muuangalie mwisho wake: dhoruba inapita, roboti ameshika mwale wa nishati sawasawa kuliko mtu yeyote angeweza, na wale wawili wanaamua aamini anachotaka, mradi mshale uko mahali pake. Ni bwana yuleyule wa kisiwani. Hajali imani yako, anajali chumba cha kipande kimejaa.

Dakika tatu. Nazitumia kwa sehemu ya mwisho ya *R.U.R.*, maana hapo ndipo Čapek anajibu, na anajibu kwa upole sana.

Watu wamekwisha. Siri ya kutengeneza roboti imeungua, Helena aliichoma moto, na roboti hawazai, wanakufa mmojammoja. Wanamjia Alquist kumwomba awape uhai. Na wanamweleza walivyofanya tangu washinde: wameongeza kazi, wamechimba makaa ya mawe hadi hayasemeki, viwanda vya kusokota vinazunguka usiku na mchana, hakuna tena mahali pa kuweka walivyotengeneza, na nyumba zinajengwa dunia nzima. Nyumba! Za nani? Hakuna anayeuliza.

Halafu anaingia roboti mmoja wa kike. Anaitwa Helena kama yule binadamu, daktari wa kiwanda alimtengeneza amfanane, na daktari mwenyewe alikwisha kukiri kwamba huyu ni hasara: mzuri wa sura, hafai kitu, anatembea kama aliye ndotoni. Kwa pishi ya kiwanda ni chumba kitupu. Anamsimulia mwenzake, Primus, kwamba amegundua mahali, kinyumba kilichoachwa na watu, kina bustani, na kuna mbwa wawili. Mbwa wanamlamba mikono. Wana watoto. Anawapakata wale watoto wa mbwa mapajani, anawapapasa, hafikirii chochote, mpaka jua linazama. Na akiinuka, anasema, anajisikia kama amefanya jambo kubwa mara mia kuliko kazi. Kisha anamwambia Primus kwamba wote wanasema yeye hafai kwa kazi yoyote, na hajui yeye ni nini.

Huyo ndiye ambaye Alquist, muda mfupi baadaye, anamfungulia mlango pamoja na Primus na kuwaacha waende.

Mwenyekiti, nimemaliza. Kama kuna maswali, tuanze na wale wa nyuma.